Ngoma Kuu na Kilima cha Ngoma: Nagona Mbele ya Msomaji wa Bondeni

Swali linaloshughulikiwa katika makala haya lilizaliwa katika semina. Ilikuwa alasiri ya mvua huko Njoro, mwendo mfupi kutoka mjini Nakuru, miaka michache baada ya ghasia za mwanzoni mwa 2008. Wanafunzi wa fasihi ya Kiswahili walikuwa wakijadili Nagona, riwaya ya Euphrase Kezilahabi iliyochapishwa na Dar es Salaam University Press mwaka 1990. Nakala zilikuwa chache kuliko wasomaji (hali ambayo mwalimu yeyote wa fasihi ya Kiswahili anaifahamu), basi ikaamuliwa kwamba kurasa za mwisho zisomwe kwa sauti, kila mmoja kwa zamu yake. Zamu ilipomfikia kijana mmoja aliyevaa kilemba cheupe, alikitazama kitabu kwa muda, akakifunga, akampa aliyeketi kando yake. Mwalimu alimwuliza kama alikuwa anaumwa koo.

"La, Mwalimu," alijibu kwa adabu. "Ila hili ni andiko la kusomwa pekupeku, nami nimevaa viatu."

Darasa lilicheka, na mwalimu akacheka pamoja nalo.

Kicheko hicho ndicho kinachostahili kuhakikiwa kabla ya riwaya yenyewe. Kwa muda wa saa mbili semina ilikuwa imekwisha kukubaliana kuwa Nagona ni matini ya majaribio, kwamba inavunja mipaka ya uhalisia, kwamba inaiga lugha ya maandiko matakatifu ili kuyachezea mamlaka yake. Istilahi zote zilizohitajika zilikuwa zimetajwa: usasaleo, uhalisiajabu, mwingiliano-matini. Hakuna aliyekosea. Lakini miongoni mwa watu wapatao ishirini waliokuwamo chumbani, aliyekichukulia kitabu kile kuwa andiko kweli alikuwa mmoja tu, na ndiye aliyekataa kukisoma. Wengine wote walikuwa wakizungumza juu ya utakatifu wa matini kama watu wanaozungumzia maji ya moto bila ya kutia kidole.

Hapana budi kueleza kwanza kijana yule alitoka wapi. Alikuwa amelelewa katika mojawapo ya makanisa ya Wakorino, ambayo waumini wake, kwa vilemba vyao vyeupe, ni sehemu ya kawaida ya barabara na masoko ya Nakuru na vitongoji vyake. Dini yao ilichipuka miongoni mwa Wagikuyu mwishoni mwa miaka ya 1920, wakati ambapo Agano Jipya la Kigikuyu, lililotolewa mwaka 1926, lilikuwa limewawezesha watu wa kawaida kuyasoma maandiko bila ya kumsubiri mmisionari ayafasiri. Waliitwa Watu wa Mungu. Waliitwa pia Arathi, yaani manabii. Serikali ya kikoloni iliwaogopa. Mnamo Februari 1934 polisi waliwaua watatu kati yao katika msitu wa Ndarugu, akiwamo kiongozi wao Joseph Ng'ang'a. Jomo Kenyatta aliwapa nafasi katika Facing Mount Kenya (1938), na jambo mojawapo alilolieleza ni jinsi miili yao ilivyotetemeka waliposhukiwa na Roho. Wagikuyu waliohamia Bonde la Ufa kama maskwota katika mashamba ya walowezi waliileta imani hiyo pamoja nao, na ngoma zake pia.

Kwa mtu aliyelelewa katika ibada hiyo, kusoma andiko kwa sauti ni tendo la mwili mzima. Viatu huvuliwa. Ngoma hupigwa, watu huimba, na mtetemeko unapomshika mtu huhesabiwa kuwa dalili ya kwamba neno limefika lilikokuwa linakwenda. Imani haikai kwenye karatasi ikingoja macho. Kijana yule aliposema kuwa Nagona ni andiko la kusomwa pekupeku, hakuwa akifanya mzaha wala hakuwa akilalamikia kufuru. Alikuwa ametoa hukumu ya kihakiki: kwamba kurasa zile zinadai mwili, na kwamba chumba cha semina hakikuwa na mwili wa kuzipa.

Je, hukumu hiyo inaweza kutetewa kwa ushahidi wa matini? Inafaa kuikumbuka historia ya mwandishi. Kezilahabi alizaliwa mwaka 1944 huko Namagondo, katika kisiwa cha Ukerewe, akasoma katika seminari ya Nyegezi kabla ya kuingia Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Riwaya yake ya kwanza, Rosa Mistika (1971), imebeba jina ambalo Wakatoliki wanamwita Bikira Maria katika litania yake. Zikafuata Kichwamaji (1974), Dunia Uwanja wa Fujo (1975) na Gamba la Nyoka (1979). Katika hizo zote, dini ni jambo linalohusu wahusika: wanaisadiki, wanaiacha, inawasaliti. Msomaji anaitazama kwa nje. Mwaka 1985 Kezilahabi alikamilisha tasnifu yake ya udaktari huko Wisconsin nchini Marekani, iliyohusu falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi, na miaka mitano baadaye ikatoka Nagona, kisha Mzingile mwaka 1991. Hapo dini imeacha kuwa mada. Imekuwa fani. Mwandishi haelezi tena habari za watu wanaosoma maandiko, ameandika andiko.

Ni andiko la kubuni, bila shaka. Msimulizi anasafiri katika mahali pa ukiwa na kimya, anakutana na wazee, anaulizwa mafumbo, na majina ya wanafalsafa wa Ulaya yanapita kama wafu walioitwa barazani. (Isemwe wazi: hizo ndizo sehemu zilizochakaa upesi zaidi katika kitabu. Orodha ya majina makubwa humtisha mwanafunzi wa mwaka wa pili na kumchosha wa mwaka wa tatu.) Wakati hauendi mbele, unazunguka. Mpaka kati ya ndoto na kukesha, kati ya anayefikiri na kinachofikiriwa, unafifia hadi msomaji anapoteza hakika ya ni fahamu ya nani inayosimulia. Na mwishoni, baada ya mazungumzo hayo yote, panakuja ngoma kuu, na pamoja nayo tarajio la mkombozi wa pili.

Wahakiki wengi wamekaa sana kwenye mazungumzo na kupita haraka kwenye ngoma. Sababu yake haihitaji uchunguzi mrefu: mazungumzo yananukulika, ngoma hainukuliki. Lakini mpangilio wa kitabu unasema kinyume cha desturi hiyo. Injili ya Yohana huanza kwa Neno, na vitu vyote hufuata. Nagona huanza katika kimya, hupita katika maneno mengi, na huishia kwa Ngoma. Mwandishi aliyelelewa seminarini hawezi kuwa ameupindua mpangilio huo kwa bahati. Anachokidai, ikiwa usomaji huu ni sahihi, ni kwamba chini ya neno kuna mtetemo, kwamba fahamu ya mwanadamu inafikia uhalisi kwa mtetemo huo wakati maneno yamekwisha kujichosha.

Dai lenyewe si geni duniani. Huko Kashmir, katika karne ya 9, wafuasi wa Shiva waliandika Spandakarika, beti zinazojengwa juu ya neno spanda, ambalo maana yake ni mtetemo au mpwito. Kwa mujibu wa fikra hiyo, fahamu si kioo kilichotulia kinachopokea sura za vitu. Fahamu yenyewe inatetema, na ulimwengu ni mwendelezo wa mtetemo wake. Haidaiwi hapa kuwa Kezilahabi aliwasoma watu wa Kashmir. Inadaiwa tu kuwa yeyote anayeandika juu ya uhalisi na fahamu akafika mpaka mwisho wa maneno, hukuta mlango huo, na kwamba watu wa Afrika Mashariki hawakuhitaji kuvuka bahari ili kuukuta. Kiswahili chenyewe kimeuhifadhi katika mnyambuliko wa kitenzi kimoja. Mtu hutetema, au hutetemeka kwa baridi na kwa hofu, jambo humtetemesha, ardhi nayo huwa na tetemeko, na mwalimu wa fizikia anapotaka kueleza sauti, hufundisha habari za mtetemo. Woga, Roho, ardhi na sauti vinashiriki mzizi mmoja.

Hapa pana kinaya ambacho historia ya ushairi wa Kiswahili imekipita bila kukiona. Kezilahabi ndiye aliyelaumiwa, baada ya diwani yake Kichomi (1974), kuwa ameuvua ushairi vina na mizani. Hoja kubwa ya wanamapokeo dhidi yake ilikuwa kwamba shairi lisiloimbika si shairi. Walimwona kama mtu aliyeondoa sauti na kuacha wazo peke yake juu ya karatasi. Basi mtu huyohuyo, alipotaka kuandika andiko la mwisho wa mambo, hakulimaliza kwa wazo. Alilimaliza kwa ngoma. Huenda mgogoro ule wa miaka ya 1970 ulimwuma kuliko alivyokiri, au huenda wanamapokeo walikuwa na haki kwa sababu ambayo wenyewe hawakuijua.

Turejeo kwenye semina ni muhimu, kwa sababu mwanafunzi yule hakuishia kwenye viatu. Mwalimu, kwa kutaka kuituliza hali, alimwuliza ni neno gani hasa lililomzuia. Kijana akajibu: ngoma kuu. Akaeleza kuwa nyumbani kwao ngoma ya kupigwa huitwa kĩhembe. Neno ngoma, katika Kigikuyu, ni mizimu. Kwa wazee lilitaja roho za waliokufa, ambazo mtu alizimwagia pombe kidogo chini kabla ya kunywa. Katika lugha ya makanisa likaelemea upande wa mashetani. Kwa hiyo alipoiona ngoma kuu mwishoni mwa kitabu, mahali ambapo mkombozi anatarajiwa, macho yake yalisoma Kiswahili na masikio yake yakasikia Kigikuyu. Halafu akanyosha mkono kuelekea dirishani, upande wa kaskazini-mashariki, ambako siku isiyo na mvua ukingo wa Menengai huonekana, akasema, "Na ile pale ndiyo Kĩrĩma kĩa Ngoma."

Wanafunzi waliacha kucheka. Kila mkazi wa Nakuru anakijua kilima hicho. Shimo la volkeno lililo juu yake lina eneo la kilomita za mraba zipatazo 90, na kuta zake mahali pengine zinashuka mita zaidi ya 400. Wamaasai wanasimulia vita vya karne ya 19 kati ya Ilpurko na Ilaikipiak, na jinsi walioshindwa walivyotupwa kutoka ukingoni. Jina la Menengai wengi hulihusisha na wafu hao. Wagikuyu walipofika wakakiita kilima cha ngoma. Mvuke unaotoka katika nyufa za sakafu yake ulisomwa kama pumzi za waliomo. Hata hivi leo watu hushuka mapangoni humo kufunga na kuomba, Wakristo wa madhehebu mbalimbali, wengine kwa siku nyingi, wakitafuta Roho Mtakatifu mahali palepale ambapo jina linasema kuna roho za aina nyingine. Tangu mwaka 2011 kampuni ya serikali imekuwa ikichimba visima vya mvuke humo kwa ajili ya umeme. Waombaji na wachimbaji wote wanategemea kitu kimoja kinachotoka chini, ingawa kila upande unakiita jina lake.

Mhakiki mwenye haraka atasema kuwa kijana alikosea, kwa kuwa Nagona imeandikwa kwa Kiswahili, na kwa Kiswahili ngoma ni ngoma. Jibu hilo linasahau Kiswahili. Pwani, tangu zamani, pepo huitwa kwa ngoma. Kila pepo ana mapigo yake, na neno ngoma hutaja chombo, mchezo na shughuli nzima ya uganga. Mapigo na roho havijawahi kutengana kabisa katika neno hilo. Aidha jibu hilo linamsahau Kezilahabi mwenyewe. Alikuwa Mkerewe, na Ukerewe ilikuwa na watawala wake, ukoo wa Abasilanga, kama zilivyokuwa falme nyingine za Maziwa Makuu ambamo ngoma ni alama ya enzi. Kinyarwanda kinakwenda mbali zaidi: ingoma ni chombo, na ingoma ni utawala. Kwa mtu wa eneo hilo, kusikia ngoma kuu ni kusikia pia habari za nani atakayetawala.

Kwa hiyo neno moja, lililoandikwa na mtu wa kisiwani kwa lugha ya pwani, linamfikia msomaji wa bondeni likiwa na mizigo mitatu: mapigo, enzi na wafu. Mkombozi wa pili anayekuja kwa ngoma kuu anakuja kwa mdundo, au kwa mamlaka, au kutoka kuzimu. Hakuna hata moja kati ya maana hizo iliyo kosa la kusoma. Pengine kijana wa kilemba ndiye msomaji wa kwanza katika chumba kile aliyeziona zote kwa pamoja. Na kwa sababu aliziona, aliogopa. Sifa ya kwanza ya andiko takatifu, katika dini zote, ni kwamba linaogopwa kabla ya kueleweka.

Hata hivyo hofu si ya aina moja, na hapa ndipo usomaji wa bondeni unapozidi kuwa mgumu. Mwanafunzi mwingine, mwalimu wa shule ya msingi kutoka upande wa Molo aliyekuwa akisoma wakati wa likizo, alikuwa amekaa kimya tangu mwanzo. Mjadala ulipofika kwenye swali la matini isiyo na mamlaka moja ya mwandishi, swali ambalo nadharia za kisasa hulifurahia sana, aliinua mkono. Alisema kwamba yeye andiko lisilo na mwandishi amewahi kuliokota. Lilikuwa mlangoni kwao alipokuwa mtoto, mwaka 1992. Halikuwa na jina wala sahihi. Lilikuwa fupi, na lilisema siku ambayo nyumba ile ilipaswa kuwa tupu. Mama yake alilisoma mara moja tu, mikono ikitetemeka, na usiku huohuo wakaondoka.

Vikaratasi vya namna hiyo vimeripotiwa mara nyingi katika Bonde la Ufa, kuanzia ghasia za 1991 na 1992 na tena karibu na chaguzi za 1997 na 2007. Katika vurugu zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, ambazo kwa hesabu ya Tume ya Waki ziliua watu 1,133 nchini kote, Nakuru na Naivasha zilifikiwa mwishoni mwa Januari 2008. Hakuna sababu ya kuyarudia hapa yaliyotendeka. Kinachohusu fasihi ni hiki: mkazi wa Molo anajua kwa uzoefu kwamba maneno machache yaliyobuniwa na mtu asiyejulikana, yakiandikwa kwa sauti ya amri isiyo na asili, yanaweza kuutetemesha mwili na kuuondoa mahali pake. Kikaratasi cha mlangoni kina karibu kila sifa ambayo semina iliitaja kuhusu matini takatifu ya kubuni. Kinasema kutoka mahali pasipoonekana. Kinatangaza mwisho wa wakati mmoja na mwanzo wa mwingine. Hakijadiliwi.

Basi mwalimu yule aliuliza, na lilikuwa swali bora kuliko yote ya siku ile: kama mtetemo ndio kipimo cha andiko, kuna tofauti gani kati ya Nagona na kikaratasi?

Semina haikumjibu, kengele ilikuwa imekwisha kulia na magari ya kwenda mjini hayangojei mtu. Makala haya yanajaribu kumjibu kwa kuchelewa. Kikaratasi kina anayelengwa. Kinamtenga msomaji wake na jirani yake. Kinamwambia kwamba yeye, kwa jina lake au kwa kabila lake, ndiye anayepaswa kutetemeka, ilhali mwingine atalala. Ngoma haiwezi kufanya hivyo. Anayeipiga hutetema nayo. Anayeisikia kwa mbali hana namna ya kuikataa, wala hana namna ya kuisikia peke yake. Katika Nagona msimulizi yuko peke yake karibu kurasa zote, mtu aliyepotea katika fikra zake mwenyewe na fikra za wafu. Ngoma kuu inapoanza, upweke huo haumwezekani tena. Tofauti basi haipo katika nguvu ya mtetemo. Iko katika swali la nani anatetemeka pamoja na nani. Uhakiki unaohesabu vipengele vya fani, kimoja baada ya kingine, hauwezi kuiona, kwa sababu kifani vitu hivyo viwili vinafanana mno.

Patakuwa na pingamizi, na pingamizi hilo lina uzito. Inaweza kusemwa kwamba Kezilahabi, aliyefariki dunia Januari 2020, hakuandika kwa ajili ya Njoro wala Molo. Kwamba Nagona ni kitabu cha kitaaluma, kigumu kwa makusudi, ambacho kimewafikia watu wachache. Na kwamba kukipakia vilemba, vikaratasi na mvuke wa Menengai ni kukitwisha mzigo usio wake. Sehemu ya pingamizi hilo inakubalika. Kitabu ni kigumu, na ugumu wake mahali pengine ni wa bure. Lakini andiko takatifu, la kweli au la kubuni, halikai na watu lililoandikiwa. Agano Jipya halikuandikiwa Ndarugu. Litania ya Kilatini haikutungwa kwa ajili ya Ukerewe, na bado ilimpa kijana wa Namagondo jina la riwaya yake ya kwanza. Hapo Subukia, upande wa kaskazini wa Nakuru, Wakatoliki wa Kenya nzima hukusanyika kuhiji na kumwomba Maria, katika nchi ambayo tarehe 6 Januari 1928 ilipata tetemeko lenye ukubwa wa 6.9, ardhi ikapasuka kwa makumi ya kilomita. Wenyeji wa bonde hili hawahitaji nadharia kuwaambia kwamba kilicho imara chini ya miguu yao kinatetema. Riwaya inayodai kuwa uhalisi wenyewe ni mtetemo inafika kwao ikiwa nusu imekwisha kusomwa.

Linalosikitisha ni kwamba msomaji wa namna hiyo, anayekuja darasani na masikio yaliyofunzwa na kĩhembe na macho yaliyofunzwa na kikaratasi, hufundishwa kwanza kuviacha vyote mlangoni. Anapewa istilahi. Akizimudu, hupasi. Baada ya miaka minne anaweza kueleza jinsi Nagona inavyovunja uhalisia, na hakumbuki tena kwamba siku ya kwanza ilimfanya afunge kitabu.

Kijana wa kilemba hakuwa amesahau alipoleta insha yake mwishoni mwa muhula. Ilikuwa na kurasa kumi na moja, imeandikwa kwa mkono, na sehemu yake ya katikati haikuwa uhakiki kwa maana ya kawaida. Alieleza kwamba alitoa nakala ya kurasa za mwisho, akaenda nazo nyumbani, akavua viatu, akamsomea nyanya yake kwa Kiswahili na kumfasiria kwa Kigikuyu pale alipoweza. Neno ngoma hakulifasiri. Alikuwa amejaribu maneno mawili na yote mawili yalimshinda, basi akaliacha lilivyo. Nyanya alisikiliza hadi mwisho bila ya kumkatiza. Kisha akauliza jambo moja tu: hiyo ngoma, ni nani aliyekuwa akiipiga?

Insha inaeleza kuwa alirudi kwenye kitabu, akaanza kukisoma upya kutoka ukurasa wa kwanza, akitafuta mikono. Baada ya hapo kuna nafasi tupu ya mistari mitatu, na pembeni, kwa penseli ya msahihishaji, alama ya kuuliza ambayo hakuna aliyeifuta.